Ana Viatu, Asanteni

Leo sina mzaha sana. Kama ulikuja kutafuta punda wa Lamu akigoma katikati ya kichochoro, hiyo naiweka kesho. Leo nina hasira, na mtu wa kwanza ninayemkasirikia ni mimi mwenyewe.

Wengi wenu mlinijua kupitia ile klipu ya Februari. Mtoto wa miaka tisa hivi, ndani ya maji mpaka magotini, anasukuma kidau alichotengeneza kwa ndara moja iliyookotwa ufuoni. Jua linazama. Mimi nikaweka piano ya huzuni, nikaandika juu yake "Hawana kitu, lakini wana furaha", nikapost, nikaenda kula. Kufikia asubuhi simu ilikuwa imeshikwa na wazimu. Ikapita watazamaji laki sita. Kwa mtu aliyeacha chuo mwaka wa pili, ambaye shangazi zake wakimtambulisha kwa wageni lazima wakohoe kwanza, laki sita si mchezo.

Sasa komenti. "Nimelia." "Sisi tuna kila kitu na bado tunalalamika." "Mungu awaone hawa watoto." Halafu ile iliyopata laiki nyingi kuliko zote: "Naomba namba ya mzazi wake nimnunulie hata viatu."

Wiki moja baadaye nikapigiwa simu na mamake mdogo yule mtoto. Namba aliipata kwa nyanya yangu, maana Matondoni si Nairobi, watu wanajuana. Salamu zikachukua dakika tatu nzima, nyumbani, afya, nyanya, mvua. Kisha akaniambia kwa upole kabisa, "Mwanangu, picha yako tumeiona. Nzuri. Ila mwana huyu ana viatu. Alivivua kwa kuwa alikuwa anaingia majini. Wewe huingia majini na viatu?"

Sikuwa na jibu. Manze, hata mimi siku hiyo nilikuwa pekupeku. Viatu vyangu vilikuwa mchangani kando ya vyake, jozi mbili zimepangana. Nilivikata kwenye fremu.

Kwa hivyo nyinyi mliolia, mlililia miguu ya mtoto anayeogelea.

Acha sasa niseme kile ambacho klipu ingesema kama ningekuwa na akili siku ile. Huyo kijana nitamwita Nahodha, jina lake linabaki kwao. Kidau chake nilikishika mkononi, nikakigeuza, kwa hivyo ninachosema nakijua.

Ndara ina matundu matatu. Moja mbele, la kidole, na mawili nyuma ambako mikanda huingia. Ukishatoa mikanda, mimi na wewe tunaona takataka yenye matundu. Nahodha anaona chombo ambacho kiwanda kimeshamtobolea tayari. Tundu la mbele ndilo mlingoti, kijiti cha mkandaa kimechongwa kikakaza bila gundi. Matundu mawili ya nyuma ndiyo yanayofunga usukani, kipande cha jerikeni ya manjano kilichoshikwa kwa uzi wa nyavu. Pande mbili za wayo amezipunguza kwa wembe mpaka omo limechongoka. Tanga ni kipande cha gunia la mchele, pembetatu, lina foromali yake, na limefungwa kama linavyofungwa tanga la dau lile kubwa lililotia nanga nyuma yake. Sikuwahi kumwona akipima kitu.

Na kisha kuna jambo lililonikalia kichwani mpaka leo. Kidau chake cha kwanza kilikuwa kinapinduka. Tanga refu, ndara nyepesi, upepo wa kaskazi ukipiga kinalala ubavu. Angeweza kukata tanga. Hakutaka, kwa sababu tanga fupi ni mwendo mdogo, na jioni ile walikuwa wanashindana watoto sita. Badala yake alipasua ndara chini kwa urefu, akachomeka kipande cha bati kikaning'inia kama pezi, na kwenye ukingo wa chini wa bati akakunjia misumari miwili yenye kutu. Uzito ukashuka chini ya maji, kidau kikasimama. Nilipomuuliza misumari ya nini, akanitazama kama mtu anayeulizwa chumvi ya nini. "Farumi."

Mimi nilikaa darasani miezi mitatu nikifundishwa habari za kitovu cha uzito kwenye ubao. Nilipata alama ya kupita kwa shida. (Mama, najua utaisoma hii. Sijasema shule ni mbaya. Nimesema mimi sikuelewa mpaka nilipoona misumari.)

Sasa niambie, ni wapi hapo "hawana kitu"? Mtoto ana wembe, ana macho, ana babu anayekaa kivulini akichonga mbao za mashua, ana kijiji kizima cha mafundi. Matondoni watu wanaunda vyombo tangu zamani. Mtoto anayekulia pale hachezi tu. Anapita hatua moja baada ya nyingine ya kazi ile ile, kwa chombo cha urefu wa kiganja. Wazee watakwambia wao walianza na karara la mnazi na kumvi, na tanga la jani. Umbo halijabadilika. Kilichobadilika ni kile bahari inachowaletea.

Na ninyi wa Kayole, Likoni, Githurai, msijifanye mnashangaa. Nani hapa hakuwahi kusukuma gari la waya lenye magurudumu ya vifuniko vya soda? Nani hakuwahi kukata mkebe wa Kimbo? Ule mpira wa juala uliofungwa kamba mpaka ukawa mgumu kama jiwe, ukipigwa nao mguuni unalala nao? Tulikuwa tunajililia wakati ule? Tulikuwa tunagombania nani atakuwa dereva. Ila siku hizi tukimwona mtoto mwingine akifanya vile vile, mbali kidogo, mweusi kidogo kuliko kichujio cha simu, ghafla tunasikia piano.

Lakini ngoja, kwa sababu kuna kundi la pili, na hilo linaniudhi zaidi. Ni wale wasiolia. Wao hushangilia. "Ubunifu wa Kiafrika!" "Hawa ndio mainjinia wa kesho!" Moto, moto, bendera. Sifa hizo ni tamu na hazigharimu hata shilingi. Ukishamwita mtoto mbunifu huna haja ya kuuliza mbona ufuo wake umejaa ndara, wala mbona shule yake haina hata bisibisi. Sifa inafunga mjadala. Nimeifanya hiyo mimi pia, msinitazame hivyo.

Kuna kisa kimoja ambacho kila mtu anayefungua mdomo kuhusu takataka na vichezeo angepaswa kukijua, na kimetokea kwetu hapa hapa. Kisiwa cha Kiwayu, kule juu kaskazini mwa visiwa vya Lamu, ndani ya Hifadhi ya Bahari ya Kiunga, ukiendelea unafika mpaka wa Somalia. Mwaka 1997 mtaalamu wa viumbe vya bahari, Julie Church, alikuwa akifanya kazi huko na shirika la WWF. Ufuo ulikuwa umejaa ndara zilizoletwa na maji, kule ambako kasa wanapanda kutaga mayai. Na akawaona watoto wakizikata ndara hizo na kujitengenezea vichezeo. Akawahimiza kina mama wazikusanye, wazioshe, wazikate, watengeneze vitu vya kuuza. Kutoka hapo ikakua biashara ambayo leo inaitwa Ocean Sole, yenye karakana Nairobi. Wale twiga na tembo wa rangi rangi unaowaona kwenye maduka ya wageni, wengine wakubwa kuliko mtu, mizizi yao iko pale.

Msinisikie vibaya. Sisemi mtu aliibiwa. Kina mama walipata pesa ambazo hazikuwepo, ufuo ukasafishwa, na mpaka leo kuna mafundi wanaokula kwa kazi ile. Mama Church aliona kitu ambacho wengi wangekikanyaga wakipita, na yeye mwenyewe ndiye anayesimulia kwamba watoto ndio waliotangulia. Ugomvi wangu uko kwetu sisi tunaokisimulia. Angalia namna kisa hiki kinavyosimuliwa kila mara: watoto wanapewa sentensi moja. "Aliwaona watoto wakitengeneza vichezeo." Nukta. Kisha watoto wanatoka jukwaani, na hadithi yenyewe ndiyo inaanza.

Mtu mzima akigundua kwamba wayo wa ndara unakatika vizuri, unaelea, unashika rangi na unaweza kuchongwa, tunamwita mbunifu, tunaandika jina lake, tunampa tuzo. Mtoto wa Kiwayu akigundua hayo hayo mapema, yeye anakuwa mandhari, kama minazi. Hesabu mwenyewe: aliyekuwa na miaka minane mwaka ule sasa amevuka thelathini. Yuko mahali fulani, labda baharini anavua kamba, labda amekaa Mokowe anasubiri boti. Nani aliwahi kwenda kumuuliza ule mkato wa kwanza aliukataje?

Linganisha na hili. Septemba 2018, hapa Lamu, likashushwa majini jahazi la Flipflopi. Mita 9 hivi, karibu tani 10 za plastiki iliyotupwa, na ngozi ya nje ya ndara kama 30,000. Mwanzoni mwa 2019 likatweka mpaka Zanzibar, safari ya kilomita kama 500, watu wazima wakalisimamia barabarani na baharini kupiga picha. Fundi aliyeongoza kazi ile ni Ali Skanda, Mlamu, na jina lake linatajwa kila mahali, kama inavyostahili. Hakuna aliyemwekea piano. Hakuna aliyeandika "hana mbao, lakini ana furaha". Fundi mkubwa akitumia ndara ni fundi. Nahodha, kwa malighafi ile ile na umbo lile lile, ni maskini wa kuhurumiwa. Tofauti iko wapi? Urefu wa mita nane na nusu.

Halafu kuna kichekesho cha Nairobi. Tangu CBC ianze madarasani, mtoto anarudi nyumbani na kazi: tengeneza kichezeo kwa vifaa vinavyopatikana kwenye mazingira yako. Wazo zuri kabisa. Sasa saa nne za usiku baba anazunguka mtaani akitafuta boksi, mama anagombana na gundi, mtoto amelala. Wengine wanamlipa fundi. Nimeona kwa macho yangu gari la maboksi likiuzwa, limepakwa rangi, limeandikwa mpaka namba ya usajili. Mtoto analibeba asubuhi kama barua ya mtu mwingine. Mzazi huyo huyo, Jumamosi mtoto akiokota chupa kwenye mtaro akaanza kuitoboa, anapiga kelele: "Tupa hiyo! Wewe ni chokoraa?"

Umeona tatizo? Takataka ni elimu ikiombwa na mwalimu, na ni aibu ikiokotwa na mtoto.

Haya, nanyi mlio upande wa pili mnaosema ninapamba umaskini, nawasikia. Mmoja alinikomentia, "Kaka, hao watoto wanahitaji vichezeo vya kweli, acha kuwafanya makumbusho." Nilikasirika, halafu nikakumbuka bati. Ukingo wa lile bati ungeweza kumkata kidole, na kutoka vile vijiji vya visiwani mpaka hospitali unangoja boti, unangoja maji yajae. Nimewaona watoto wakiyeyusha plastiki kwenye moto ili washikanishe vipande, na moshi ule mweusi wanauvuta wote. Wembe ni wembe. Mimi sisemi mtoto asinunuliwe kitu. Kusema kweli Nahodha mwenyewe aliniuliza swali moja tu kuhusu mimi, na halikuwa kuhusu TikTok. Aliniuliza kama kwetu kuna DVD mbovu. Anataka mota. Ile ndogo inayozungusha diski. Kuna mwenzake wa Faza alipata moja, akaifunga betri na pangaboi la chupa, na sasa kidau chake kinakwenda hata upepo ukifa.

Yaani kijana hana shida na vitu vya dukani. Anavitaka. Anavitaka vikiwa vimefunguliwa.

Ndio maana ile misaada ya vichezeo inayofika na mabango inanichosha. Gari jekundu la plastiki, jepesi, gurudumu linang'oka siku ya pili, halina skrubu hata moja ya kufungua, kwa hivyo halitengenezeki. Picha ya watoto hamsini wameinua magari juu. Baada ya wiki gari liko ufuoni na ndara nyingine. Umetoka kote huko kuja kuongeza takataka! Kama una pesa na moyo unakuwasha, lete koleo. Lete msasa, bisibisi, gundi isiyonuka sumu, glavu. Lete redio mbovu za mtaa wako mzima. Usilete piano.

Na tuseme ukweli kuhusu hizo ndara. Watu wanapoona ufuo mchafu wanasema "watu wa pwani hawana usafi". Nenda ukaokote uone. Utakuta chupa zenye maandishi ya Kiindonesia, vifuniko vya Kichina, nyavu za meli ambazo hakuna mvuvi wa huku anayeweza kuzinunua. Bahari ya Hindi inazunguka na sisi tuko kwenye ukingo wa sufuria. Yetu pia imo, sikatai, nenda kwenye jaa la Lamu siku ya upepo. Serikali ilipiga marufuku mifuko ya juala tarehe 28 Agosti 2017, faini mpaka milioni 4 au kifungo cha miaka 4, na juala zikapungua kweli, ndiyo maana matanga siku hizi ni ya gunia. Lakini ndara ya Jakarta haijasoma sheria ya Kenya. Ukimwambia Nahodha "hongera kwa kusafisha mazingira", unamkabidhi mtoto wa darasa la tatu kazi ya viwanda vya bara zima. Yeye hasafishi chochote. Anacheza. Ndara moja kwa wiki, mbili zikipasuka.

Sasa pesa, kwa sababu mnaniuliza na nilikuwa nakwepa. Ile klipu mtu mmoja mwenye biashara aliniomba aitumie kwenye tangazo lake. Akanilipa elfu kumi na tano. Nikakubali ndani ya dakika mbili. Nahodha siku tuliyorekodi nilikuwa nimempa soda na mahamri mawili, na nikajiona mkarimu. Hiyo ndiyo hesabu yangu, nimeiweka hapa mezani kabla hamjanionyesha ya wengine. Na nyinyi wenye kamera zinazozidi yangu, mnaoshuka jeti ya Lamu Ijumaa na kuondoka Jumapili na "hadithi za watoto", wekeni zenu pia. Mliomba ruhusa kwa nani? Mtoto anajua picha yake iko wapi? Mliacha nini?

Tangazo nimeomba liondolewe. Limeondolewa baada ya kubembeleza. Klipu nimeifuta, laki sita zimekwenda, na ndiyo, iliniuma, nisiwadanganye.

Mwezi wa Julai nikarudi Matondoni. Nikampelekea mama mdogo elfu saba na mia tano, nusu kamili. Alizipokea bila mbwembwe, kama deni lililochelewa, akanihesabia mbele yangu, kisha akanitilia chai. Nilikuwa pia na mfuko wa mota nne nilizozitoa kwa fundi wa redio Kongowea, na koleo ndogo. Nahodha akazijaribu moja moja kwenye betri. Mbili zilikuwa zimekufa. Akaniuliza kama nilizijaribu kabla ya kununua. Sikujaribu.

Jioni akasema sasa naweza kurekodi, lakini kwa masharti. Miguu isionekane. Tanga lote lionekane, mpaka ncha ya foromali. Na pasiwe na ule muziki, kwa sababu wenzake wa shule walimwimbia mwezi mzima. Nikavua viatu, nikaingia majini, nikainua simu. Kidau hakikuondoka. Tanga limelegea, linapigapiga tu. Nikadhani upepo umekufa, nikamwambia tungoje kidogo.

"Upepo uko," akasema. "Ni wewe umesimama upande unaotokea. Hama."